JUA LA KAYANGA NA SAA YA TAIFA: JE, WAKATI HUWEZA KUKATIKA?

Miongoni mwa maswali ambayo wanafunzi wa shule za sekondari hupenda kuwauliza walimu wao wa fizikia, lipo moja ambalo mara nyingi hujibiwa kwa kicheko: Je, wakati unaweza kusimama, kurudi nyuma au kukatika? Swali hilo hutokana na hadithi walizosimuliwa na mabibi zao, na siku hizi hutokana pia na filamu na vitabu vya kubuni, ambamo mtu huingia pangoni akalala usiku mmoja tu, na atokapo huwakuta wajukuu wake wamekwisha kuwa wazee. Mwalimu aliyebanwa na muhtasari humjibu mwanafunzi kwamba hayo ni mambo ya ushirikina, kisha humwamuru afungue kitabu.

Kwa maoni yangu jibu hilo lina kasoro mbili. Kwanza, linaidharau hadithi kabla ya kuichunguza, jambo ambalo ni kinyume cha sayansi yenyewe. Pili, linamnyima mwanafunzi somo kubwa ambalo limelala mlangoni pake. Katika makala haya nitaitumia Kayanga, makao makuu ya Wilaya ya Karagwe katika Mkoa wa Kagera, kuonyesha kwamba upo wakati uliopindishwa kweli katika nchi hiyo, tena umepindishwa kwa karibu saa nzima. Haukupindishwa na mzimu wala na mchawi. Umepindishwa kwa uamuzi wa binadamu, na gharama yake hulipwa kila asubuhi na watoto waendao shule.

Shimo la Nyamiyonga

Wazee wa nchi za Maziwa Makuu wana masimulizi ya ufalme wa kale wa Kitara. Karagwe inayashiriki masimulizi hayo kwa sababu Ruhinda, mwanzilishi wa ukoo wa kifalme wa Wahinda, husemwa kuwa alikuwa mwana wa Wamara, mfalme wa mwisho wa Wachwezi. Husimuliwa kwamba Nyamiyonga, mfalme wa kuzimu, alimpelekea Isaza, mfalme wa nchi ya juu, mafumbo sita. Moja kati ya mafumbo hayo lilimtaka Isaza ataje kipimo cha wakati. Jibu lake likawa jogoo.

Baadaye Nyamiyonga alitaka kufanya udugu wa damu na Isaza. Isaza akamdanganya, akamweka mtumishi wake Bukuku badala yake mwenyewe. Nyamiyonga alipougundua ujanja huo alimtega kwa ng'ombe wazuri, na Isaza alipowafuata ng'ombe hao alijikuta ameshuka kuzimu, asirudi tena. Nchi ya juu ikatawaliwa na Bukuku, hata uzao wa Isaza uliozaliwa kuzimu ulipokuja kuibuka na kuwazaa Wachwezi.

Ndugu msomaji, tusiiache hadithi hii kwa haraka. Tazama kwanza lile fumbo. Mtunzi wa hadithi hakuuliza wakati ni nini, aliuliza kipimo chake ni kipi. Hilo ndilo swali hasa ambalo mwanafizikia huliuliza. Jogoo ni kiumbe hai ambaye mwili wake una saa ya ndani inayofuata mzunguko wa mchana na usiku, naye huanza kuwika kabla ya nuru kuonekana. Kwa watu wasio na saa ya mkononi, hicho kilikuwa chombo cha kutegemewa. Tazama pili lile shimo. Wapo wanahistoria wanaoona kwamba hadithi za namna hii huficha pengo katika nasaba ya wafalme: mahali ambapo ukoo mmoja wa watawala ulikoma na mwingine ukaingia, masimulizi huchimba shimo, akatumbukia mfalme mmoja, na kutoka shimo hilohilo akaibuka mwingine aliye damu yake. Kwa hiyo wakati haukukatika. Kilichokatika ni kumbukumbu, nayo hadithi ikafanya kazi ya kuiunga.

Jua lililoanguka Biharwe

Kisa cha pili si cha kuzimu bali cha mbinguni. Katika masimulizi ya Nkore, ambayo sasa ni sehemu ya Uganda, husemwa kwamba katika zama za Mfalme Ntare Nyabugaro, majeshi ya Bunyoro yakiongozwa na Mfalme Olimi yaliivamia nchi na kuteka ng'ombe. Yalipokuwa Biharwe, jua likaanguka kutoka angani, mchana ukageuka usiku, na wavamizi wakakimbia wakiwaacha ng'ombe waliowateka. Biharwe iko karibu na mji wa Mbarara, zaidi kidogo ya kilomita 100 kutoka Kayanga, na leo upo mnara wa kumbukumbu ya tukio hilo.

Mtu anayecheka hadithi angeishia hapo. Wataalamu wa falaki na wa historia hawakucheka, walipiga hesabu. Njia za dunia na mwezi hufuata kanuni zinazojulikana, kwa hiyo inawezekana kukokotoa kupatwa kwa jua kulikotokea karne nyingi zilizopita, pamoja na mahali ambapo kivuli cha mwezi kilipita. Baada ya mabishano juu ya kupatwa zaidi ya kumoja kwa miaka ya karibu, tarehe ambayo imekubaliwa na wengi ni Aprili 17, 1520. Hivyo hadithi iliyosema kwamba mchana ulikatika ndiyo iliyowapa wanahistoria msumari wa kutundikia orodha ya wafalme wa Nkore, Bunyoro na majirani zao, ikiwamo Karagwe. Wanahistoria wengine wamehimiza tahadhari, kwa kuwa masimulizi huweza kuhamisha tukio kutoka kwa mfalme mmoja hadi kwa mwingine, na tahadhari hiyo ni ya haki. Lakini hakuna mwenye akili timamu atakayesema tena kwamba wazee wa Biharwe walibuni giza.

Giza la kupatwa kamili kwa jua, hata likiwa refu kupita yote, halizidi dakika saba na nusu mahali pamoja. Kwa askari aliyeshika mkuki bila kuonywa, dakika chache hizo zilitosha kuwa mwisho wa dunia. Kwa mwanafunzi wa leo jambo hilohilo linatabirika. Septemba 1, 2016 watu walikusanyika Rujewa, wilayani Mbarali, Mkoa wa Mbeya, kutazama kupatwa kwa jua kwa namna ya pete, kwa sababu siku, saa na mahali vilikuwa vimekwisha kutangazwa. Mei 21, 2031 pete kama hiyo itapita tena katika ardhi ya Tanzania. Walimu wana muda wa kutosha wa kuandaa vifaa salama vya kutazamia, kwa maana jua halitazamwi kwa macho matupu hata siku moja.

Je, wakati wenyewe haupindi?

Mwanafunzi mwerevu atauliza: Mbona Einstein alisema kwamba wakati hupinda? Ni kweli. Katika nadharia zake za mwaka 1905 na 1915, Einstein alionyesha kwamba saa iendayo kwa kasi hupoteza muda ikilinganishwa na saa iliyotulia, na kwamba saa iliyo juu mlimani huenda mbio kidogo kuliko iliyo pwani, kwa kuwa mvutano wa dunia hupungua kadiri tunavyopanda. Mwaka 1971 Hafele na Keating walizisafirisha saa za atomi kwa ndege za abiria kuizunguka dunia, nazo zikaonyesha tofauti iliyotabiriwa. Saa zilizomo katika setilaiti za kuelekezea njia, ambazo simu zetu huzitumia, hutangulia za ardhini kwa sehemu 38 hivi za milioni ya sekunde kila siku. Zisiporekebishwa, ramani katika simu itakupeleka mahali pasipo.

Hebu tuilete hesabu hiyo Karagwe. Nchi hiyo ya vilima ina kimo cha meta 1,500 hivi juu ya usawa wa bahari. Saa ya atomi iliyowekwa huko ingeitangulia ile iliyowekwa ufukoni Dar es Salaam kwa sehemu tano hivi za milioni ya sekunde kwa mwaka mzima. Mtu akiishi Kayanga miaka 80, atakuwa amemtangulia ndugu yake wa pwani kwa muda mdogo kuliko kupepesa jicho. Huo ndio upindaji ambao maumbile yenyewe hufanya katika maisha yetu: upo, hupimika, lakini haumchelewishi mtu shuleni.

Upindaji mkubwa, ule wa karibu saa nzima, hautoki kwa maumbile.

Hesabu ya Kayanga

Mwaka 1884 wajumbe wa mataifa walikutana Washington, Marekani, wakakubaliana kwamba longitudo ihesabiwe kuanzia Greenwich, Uingereza. Baadaye nchi nyingi zikachagua saa za nchi kwa kutazama mstari mmoja wa longitudo. Dunia huzunguka nyuzi 360 kwa saa 24, yaani nyuzi 15 kwa saa moja, au uzi mmoja kwa dakika nne. Tanzania, Kenya na Uganda hutumia saa iliyo mbele ya Greenwich kwa saa tatu. Tukizidisha 15 kwa 3 tunapata 45. Kwa hiyo saa yetu ni saa ya longitudo 45 mashariki.

Sasa mwanafunzi na achukue atlasi. Mstari huo wa nyuzi 45 unapita karibu na Mogadishu. Hauigusi Tanzania popote. Hata Mtwara iko magharibi yake. Taifa zima linaishi kwa saa ya mahali palipo nje ya mipaka yake. Dar es Salaam, iliyo kwenye nyuzi 39 na robo hivi, inatofautiana na saa yake kwa dakika 23. Kayanga iko karibu na nyuzi 31. Toa 31.1 katika 45, unapata 13.9, zidisha kwa dakika nne, unapata dakika 56 hivi.

Maana yake ni nini? Ni kwamba, kwa wastani, jua hufika kipeo cha mchana Kayanga saa 7 kasoro dakika nne, wala si saa 6 kamili. Macheo, kwa wastani, ni saa 12 na dakika 52 asubuhi. Nasema kwa wastani kwa sababu njia ya dunia kulizunguka jua ni duaradufu, na mhimili wa dunia umeinama. Mambo hayo mawili huliharakisha jua dakika 16 hivi mwanzoni mwa Novemba na kulichelewesha dakika 14 hivi katikati ya Februari. Kwa hiyo Kayanga hupata macheo karibu saa 12 na dakika 35 mwanzoni mwa Novemba, lakini katikati ya Februari jua halichomozi mpaka saa 1 na dakika 5 hivi. Mwezi wa Julai nao huwa karibu saa 1 kamili.

Hapa pana jambo ambalo msemaji wa Kiswahili hana budi kulitafakari. Kiswahili huanza kuhesabu saa za mchana tangu macheo na saa za usiku tangu machweo. Saa 12 asubuhi ni usiku unapokwisha. Saa 1 ni saa ya kwanza ya mchana iliyokwisha kutimia. Hiyo ni hesabu ya watu waliolitazama jua la ikweta, lisilobadilika sana mwaka mzima. Kayanga, hata hivyo, saa ya ukutani inaposema saa 1, jua ndilo kwanza linasema saa 12. Lugha, jua na saa ya ukutani vimegombana, na mtoto amewekwa katikati.

Ugomvi huo huonekana zaidi ukingoni mwa Mto Kagera, unaozitenga Karagwe na Kyerwa na nchi ya Rwanda. Rwanda hutumia saa ya longitudo 30, yaani saa mbili mbele ya Greenwich. Mtu akisimama ukingo wa mashariki saa 1 asubuhi, mwenziwe aliye ukingo wa magharibi yuko saa 12. Jua ni hilohilo, ukungu ni huohuo, na ndege anayeruka kutoka matete ya huku hadi matete ya kule hajui kwamba ameirudisha saa nyuma. Kama Nyamiyonga angekuwa na mto wake, usingeshinda huu kwa maajabu.

Waislamu wa Kagera na Kigoma wanaijua hesabu hii bila kitabu cha fizikia. Adhuhuri huingia jua likipinduka, na futari hufunguliwa jua likitua, kwa hiyo mtu wa Kayanga hafungui saumu kwa adhana ya Dar es Salaam isikikayo redioni, bali husubiri jua lake mwenyewe. Wafugaji wa Nkore nao walikuwa na siku iliyogawanywa kwa kazi za ng'ombe: wakati wa kukamua, wakati wa mapumziko ya adhuhuri, wakati wa kunywesha, wakati wa kurudi zizini. John Mbiti, mwanachuoni wa Kenya, aliiandika hesabu hiyo ya siku katika kitabu chake cha mwaka 1969 juu ya dini na falsafa za Kiafrika. Katika kitabu hichohicho alitoa hoja kwamba Mwafrika wa jadi aliishi katika Sasa na Zamani, akiwa na wakati ujao mfupi mno. Hoja hiyo imejadiliwa sana, nami sikubaliani nayo yote, kwa kuwa mtu apandaye mbuni atakaouvuna baada ya miaka kadhaa anaujua wakati ujao vizuri. Lakini ushahidi wake wa saa ya ng'ombe unatuonyesha jambo moja thabiti: watu wa nchi hizi walifunga shughuli zao kwenye jua la mahali pao.

Kengele ya shule

Ndipo tunapofika kwenye kiini cha maoni yangu. Shule nyingi za kutwa hutaka wanafunzi wawepo mapema, kabla ya saa 1 na nusu, ili wafanye usafi na kuhudhuria mstari wa asubuhi. Dar es Salaam katikati ya Februari, mwanafunzi anayetoka nyumbani saa 12 na nusu hutoka jua likichomoza. Mwenziwe wa Karagwe au Kyerwa atokaye saa hiyohiyo hutoka katika giza, kwa kuwa jua lake bado lina dakika 35 kuchomoza, na karibu na ikweta mapambazuko ni mafupi, yapata dakika 20 tu. Akiwa na mwendo wa saa nzima kwa miguu, itambidi atoke saa 12 kamili, wakati ambapo ni usiku mtupu.

Si jambo la kufurahisha kumfikiria msichana wa miaka 14 akitembea peke yake kati ya migomba katika giza hilo, au akipishana na malori na pikipiki katika barabara yenye ukungu, kwa sababu tu mstari wa Mogadishu umesema kumekucha. Afikapo darasani, mwili wake, ambao kama ule wa jogoo hufuata nuru, bado uko alfajiri. Kisha mwalimu humgombeza kwa kusinzia katika kipindi cha kwanza, nacho mara nyingi ni hisabati.

Pendekezo langu ni dogo. Sitaki saa ya taifa iguswe. Nataka kengele ya kwanza ya shule za wilaya za magharibi kabisa, kama vile Karagwe, Kyerwa, Ngara na zile za Mkoa wa Kigoma, isogezwe mbele kwa nusu saa, na kwamba bodi za shule pamoja na halmashauri za wilaya zipewe ruhusa ya kufanya hivyo kwa kutazama jua la mahali pao. Huko si kuwapendelea. Ni kuwaweka sawa na wenzao wa pwani, ambao kwa jua wako mbele yao kwa dakika 33.

Pingamizi na majibu yake

Najua yapo mapingamizi. La kwanza ni kwamba umoja wa taifa unadai saa moja. Nakubali kabisa. Ratiba za mabasi, taarifa za habari na mitihani ya taifa haviwezi kufuata jua la kila kijiji. Mtihani lazima uanze kwa pamoja ili siri isivuje. Lakini saa moja ya taifa hailazimishi kengele moja ya taifa. China hutumia saa moja kwa nchi nzima, na matokeo yake ni kwamba Kashgar, katika magharibi ya mbali, jua hufika kipeo karibu saa 9 alasiri; wenyeji wengi wa huko wamejiwekea saa yao isiyo rasmi, iliyo nyuma kwa saa mbili. Jirani zetu wa Kongo nao wana saa mbili rasmi, moja ya Kinshasa na nyingine ya Lubumbashi. Sisi hatuhitaji kufika huko. Tunahitaji nusu saa tu, tena ya kengele.

Pingamizi la pili ni kwamba kuanza kwa kuchelewa ni kumaliza kwa kuchelewa, na mtoto atarudi usiku. Hesabu inakataa. Machweo ya Kayanga kwa wastani ni karibu saa 1 jioni, na Februari hufika saa 1 na robo. Nuru iliyokosekana asubuhi haikupotea. Imehamia jioni, inasubiri kutumiwa.

Pingamizi la tatu ni lile lisilosemwa kwa sauti, kwamba saa ni jambo lililokwisha amriwa na wakubwa wala halijadiliwi. Nilipokuwa nikisomea shahada ya udaktari ng'ambo, katika nchi ya kaskazini, nilishuhudia taifa zima likisogeza saa zake mbele kila majira ya kuchipua na kuzirudisha nyuma kila vuli, ili shughuli ziifuate nuru. Magazeti yalilijadili jambo hilo kila mwaka, wengine wakilisifu, wengine wakililaani. Hata hapa Afrika Mashariki saa haikushuka na mvua: nchini Kenya, enzi za ukoloni, iliwahi kuwa saa mbili na nusu mbele ya Greenwich, kisha saa mbili na dakika 45, kabla ya kutulia kwenye saa tatu. Kilichowekwa na watu huweza kujadiliwa na watu.

Kijiti katika uwanja wa shule

Walimu wa fizikia na jiografia wasingoje waraka. Wanaweza kulithibitisha jambo hili kwa kijiti kimoja. Simika kijiti chenye urefu wa meta moja, wima kabisa, mahali pa wazi na tambarare. Kukizunguka, chora duara kubwa kwa kamba. Asubuhi kivuli ni kirefu, hutoka nje ya duara. Kadiri jua linavyopanda, kivuli hufupika hadi ncha yake iguse duara. Andika saa. Alasiri ncha itaugusa tena mstari wa duara kutoka ndani. Andika saa tena. Katikati ya nyakati hizo mbili ndipo jua lilipokuwa kwenye kipeo. Njia hii ni bora kuliko kukisia kivuli kifupi kuliko vyote, kwa kuwa karibu na ikweta jua huweza kuwa utosini hata kivuli kikakaribia kutoweka.

Tuchukue mfano wa Aprili 15, siku ambayo jua halitangulii wala halichelewi. Ikiwa kivuli kiligusa duara saa 4 na dakika 10 asubuhi na tena saa 9 na dakika 42 alasiri, katikati yake ni saa 6 na dakika 56. Kipeo kimechelewa dakika 56. Gawanya kwa nne, unapata nyuzi 14. Toa katika 45, unapata 31. Mwanafunzi ameipata longitudo ya Kayanga kwa kijiti, kamba na saa ya simu. Speke na Grant walipofika Karagwe mwezi wa Novemba 1861 na kupokelewa na Mfalme Rumanika, walibeba vyombo vya gharama kubwa ili kujua mahali walipo. Rumanika mwenyewe hakuwa mtu asiyejali anga. Speke aliandika habari za sherehe ya ngoma iliyofanywa katika boma lake mwezi ulipoandama.

Ningependa shule ya Kayanga na shule ya Mtwara zifanye jaribio hili siku moja na kupelekeana matokeo. Tofauti ya dakika watakayoiona haitakuwa kosa la saa zao. Itakuwa upana wa nchi yao, umepimwa kwa kivuli. Wakiisha kuipata, wawapelekee hesabu hiyo wajumbe wa bodi ya shule yao pamoja na saa za macheo walizoziandika wenyewe kwa mwaka mmoja. Hoja yenye vipimo husikilizwa zaidi ya malalamiko.

Turudi kwa yule mwanafunzi aliyeuliza kama wakati huweza kukatika. Asijibiwe kwa kicheko. Aambiwe kwamba katika maumbile wakati hupinda kidogo mno, kwa kiasi ambacho saa za atomi tu ndizo hukihisi. Kwamba mchana huweza kukatwa kwa dakika chache na kivuli cha mwezi, na siku hiyo hujulikana mapema. Na kwamba kumbukumbu za watu hukatika, zikaungwa kwa hadithi. Kisha aambiwe kwamba upindaji ule unaomtoa kitandani usiku si wa mizimu. Ni wa kalamu, na kilichoandikwa kwa kalamu huweza kuandikwa upya. Mafumbo ya Nyamiyonga yalitaka kipimo cha wakati. Walimu wa Karagwe na Kyerwa wanacho, ni jua la mahali pao. Kilichobaki ni kulifuata wanapoipanga kengele.